Mama Alipoisimulia Sinema ya Bruda

Kila Jumapili, baada ya misa ya pili, bruda wa misheni yetu kule milimani aliziba madirisha ya darasa kwa mablanketi ili atuonyeshe sinema. Alikuwa Mjerumani mzee, fundi seremala, na zile sinema fupi zisizo na sauti alikuja nazo kutoka kwao pamoja na mashine ya kuzionyeshea. Niliyoipenda zaidi ilikuwa ya bwana mmoja aliyewafukuza wezi kwa farasi, akarukia treni, kisha akabaki ananing'inia darajani juu ya korongo.

Miaka hiyo ya Ujamaa nilikuwa mwalimu kijana, jioni nikifundisha watu wazima kusoma. Mama yangu, mkulima wa kabichi, alikuwa mwanafunzi wangu, tena mzito kweli wa kushika herufi. Lakini maandishi ya sinema yalikuwa ya Kijerumani, kwa hiyo pale mimi na yeye tulikuwa sawa. Sote tulimsubiri bruda atutafsirie.

Siku moja bruda alikuwa na mafua, sauti imemkauka. Maandishi yakatokea ukutani, kimya. Watu wakaanza kunong'ona. Mama akasimama.

"Huyu bwana anasema hivi," akaanza kwa Kiluguru. "Hao wezi wamechukua mbegu zote za kijiji. Nisipowapata, mwaka huu tutakula nini?"

Darasa zima likaangua kicheko. Mimi niliinamisha kichwa kwa aibu. Mama wala hakujali. Treni ilipotokea akasema inakwenda Kilosa, na wakifika huko hawapatikani tena. Pale darajani wanawake wakapiga kelele, "Shika! Shika!" kana kwamba hawajawahi kuiona. Bruda alicheka mpaka akafuta machozi. Tangu siku hiyo, hata sauti ilipomrudia, kazi ya kueleza alimwachia mama.

Baada ya miaka michache bruda aliitwa arudi kwao. Asubuhi ya kuondoka alikuja nyumbani kutuaga.

"Shikamoo, bruda."

"Marahaba, mwalimu."

Sinema zilikuwa zimechakaa, ukizigusa zinakatika. Akamgeukia mama. "Mama, nisimulie ile ya daraja."

"Bila mashine?"

"Bila mashine."

Mama akasogeza ungo wa maharage, akaanza na farasi. Gari la misheni likapiga honi mara mbili. Bruda hakuinuka mpaka yule bwana alipovuka salama.

Alipoondoka, mama alijifuta macho kwa kanga, akauvuta ungo, akaendelea kuchambua maharage.