Sauti Nyuma ya Kamera

Kwa miaka ishirini na miwili shangazi yangu alikuwa mtafuta waigizaji wa filamu za watengenezaji wasio na fedha. Aliwaokota kwenye foleni za benki, saluni, hata mahakamani. Akiona uso anaoutaka humfuata mwenyewe hadi mlangoni kwake, na mara mbili aliitiwa polisi. Majaribio aliyafanyia sebuleni: pazia la kijivu ukutani, kamera juu ya meza ya kupigia pasi, na yeye nyuma ya kamera akisoma maneno ya mhusika wa pili. Amewahi kuwa mume, hakimu, na siku moja mbwa. Uso wake haumo katika video hata moja.

Kilichokuwa kikimla nilikijua. Alianza kama mwigizaji, akaombwa asaidie kutafuta wenzake kwa wiki mbili tu. Wiki mbili hizo hazikuisha.

Kisha ikaja hadithi ya mama anayemfukuza mwanawe mlangoni. Shangazi aliisoma mara moja, yote ikamkaa kichwani. Akajipa moyo, akamwendea muongozaji, kijana ambaye shangazi alishamtafutia watu wa filamu tatu.

"Huyu mama naweza kumcheza mimi."

"Mama, acha utani. Ukikaa mbele ya kamera, nani atanitafutia watu?"

Akacheka, na shangazi naye akacheka. Kicheko kile cha shangazi kinaniudhi mpaka leo.

Shangazi akampata mwanamke mmoja anayepiga deki korido za hospitali. Kuigiza alikujua kweli, na shangazi, kwa kichwa chake kigumu, akamwambia muongozaji hivyo hivyo bila kumpunguzia kitu. Lakini siku ya kurekodi, mwanamke akaganda mbele ya kijana aliyecheza mwanawe.

"Mimi nimezoea kujibiwa na dada," akasema. "Niitieni dada."

Basi shangazi akachuchumaa kando ya kamera, magoti yakimuuma, akasoma maneno ya mwana. Mwanamke akamtazama, machozi yakamtoka.

Baadaye sauti ya shangazi ilifutwa, ikawekwa ya yule kijana aliyecheza mwana. Siku ya uzinduzi wa filamu tuliketi safu ya nyuma kabisa. Ilipofika pale mlangoni, watu wakalia. Mama mmoja mbele yetu akamnong'oneza mwenzake, "Ona anavyomtazama mwanawe."

"Ananitazama mimi," shangazi akaniambia, akainama kutafuta viatu vyake gizani.