Sauti ya Kyuji

Mtaani walimjua Ritsu kama bibi asiyekanyaga sinema, wakamwita bahili. Hawajui kitu, wangenyamaza tu.

Alikuwa mtoto pekee wa Genzo, mtengeneza miavuli ya karatasi katika mji wa Kanazawa. Kwa desturi ya huko, binti asiye na kaka haolewi akaondoka. Mume ndiye huletwa nyumbani, akachukua jina la ukoo na kazi ya baba mkwe. Genzo alishamchagua Mohei, fundi wake. Moyo wa Ritsu ulikuwa kwa Kyuji, msimulizi wa sinema, aliyesimama kando ya pazia la picha akizisemea, maana enzi hizo picha zilikuwa bubu. Sauti ya mzee, ya mtoto, ya mwanamke, zote zilitoka kwake. Nani angemkabidhi duka mtu wa domo namna hiyo?

"Mlete mzee Jumamosi," Kyuji alimwambia. "Kuna picha ya binti anayetenganishwa na mpenzi wake. Nitamliza mpaka alainike. Machozi yakiwa bado mabichi, mwambie habari zetu."

"Baba hakulia hata kwenye msiba wa mama."

"Siku hiyo hakunisikia mimi."

Majivuno hayo ndiyo yaliyompendeza Ritsu, maskini.

Na kweli, Jumamosi Ritsu akamleta babake, na Kyuji akaisemea picha ile. Binti wa kwenye picha alipopiga magoti mbele ya babake na kumkana mpenzi wake, Kyuji alimtolea sauti nyembamba: "Baba, nimekubali." Ukumbi ukaangua kilio. Genzo alilia mpaka kola ya kimono ikalowa, na Ritsu akamshika mkono kwa furaha.

Walipotoka, kabla Ritsu hajafungua kinywa, babake akasema, "Umemwona binti yule? Hivyo ndivyo mtoto anavyoiokoa nyumba yao. Nilikuwa naogopa kukulazimisha, mwanangu. Sasa siogopi tena. Wewe na yeye ni wamoja."

Ritsu akamfuata nyumbani, habari za Kyuji akaziacha pale pale mlangoni mwa sinema.

Mzee hakuishia hapo. Alimpelekea msimulizi pombe ya mchele ya shukrani, akamwomba aje aseme kwenye harusi ya Ritsu na Mohei. Kyuji akaja, angekataa kwa kisingizio gani bila kumwaibisha Ritsu? Pombe ilipokolea, Genzo akadai irudiwe sehemu ile ya binti. Kyuji alimtazama bibi harusi chini ya kilemba chake cheupe, akaitoa ile sauti nyembamba.

"Baba, nimekubali."

Wageni walilia, Mohei naye akalia. Ritsu mwenyewe hakuulizwa neno siku nzima. Jibu lake walishalisikia.