Lugha ya Majitu

Juzi binti yangu alirudi kutoka shule amevaa kibao cha mbao kilichoandikwa kwa Kiingereza kwamba yeye ni mjinga, amesema Kiswahili. Nilivumilia mpaka nilipoishika kamba yake ya katani. Ilinuka jasho la watoto wengi. Uvumilivu ukaniishia hapo.

Harufu ile naijua. Kule Akheri, nilikosoma utotoni, kibao chetu kilikuwa cha waliosema kilugha, lugha ya nyumbani. Baba alikuwa amenunua sokoni, kwenye mitumba, vitabu vyote vya profesa mmoja wa lugha aliyetunga hadithi za majitu, juzuu saba. Majitu yake aliyatungia na lugha yao. Nikajifunza kuhesabu kwa lugha hiyo, nikamfundisha mwenzangu wa dawati.

Mwalimu, mtu wa pwani, akatusikia.

"Kimeru hicho."

"Siyo Kimeru, mwalimu. Ni cha majitu."

"Kumbe kwenu ni majitu? Kavilete hivyo vitabu."

Darasa likacheka. Nilivileta vyote saba, kibao kikiwa shingoni. Wapishi wa shule wakavichochea chini ya sufuria la uji. Ulipoiva nikanywa, maana nilikuwa na njaa.

Jana nilimpelekea mkuu wa shule ya binti yangu barua:

"YAH: KIBAO. Mwanangu hatavaa tena kibao chenu. Kamba naambatanisha. Mbao siirudishi, nimeipikia uji. Mwanangu ameunywa, akaomba aongezewe, kwa Kiswahili."