Mrango na Mlango

Siku yangu ya kwanza kazini nilisimamishwa sokoni Suneka, juu ya alama ya majivu, nikaambiwa ninunue ndizi bila kuiangalia kamera. Niliiangalia. Mwongozaji, mwalimu wa zamani aliyeacha chaki akaanza kutengeneza filamu zake mwenyewe kwa kamera ya kuazima, alinirudisha mara sita. Uhuru ulikuwa bado mchanga, nami nilijua kwa hakika kwamba nitakuwa mtu maarufu.

Sisi tuliitwa wapita njia, yaani waigizaji wa kujaza nafasi nyuma ya wakubwa. Mpita njia hana jina wala neno. Kwa miaka tisa nilinunua ndizi, nikachuma chai Sironga, nikabebwa kwenye machela nikiwa maiti, kazi niliyoimudu kuliko zote. Wakubwa walikula pamoja wakicheka. Mimi nilikula pale pale nilipowekwa, nisije nikapoteza alama yangu. Ulikuwa upweke, na sioni haya kuutaja. Jioni nilirudi Birongo, na mama, aliyekuwa ameshapofuka, aliniuliza kila mara kama leo nimesema chochote. Alitaka kunisikia mara moja tu.

Mwishowe nilipewa sentensi: "Mama, fungua mlango. Ni mimi." Nilifurahi mpaka chakula kikanishinda. Lakini Kigusii chetu hakina l, na ulimi wangu ulitoa "mrango" kila nilipojaribu. Mwongozaji alinivumilia asubuhi nzima, kisha akasema, "Basi, sema hivyo hivyo. Uso unatosha."

Sikujua anamaanisha nini.

Filamu ilionyeshwa katika ukumbi mmoja mjini Kisii, Jumapili alasiri. Mama alikuwa Msabato asiyewahi kukanyaga sinema, lakini alijifunga kitambaa chake cha kanisani, nikamshika mkono tukaenda. Nilijiona nikibisha. Nikafungua mdomo, na ikatoka sauti ya mtu mwingine, nzito, Kiswahili cha Pwani kilichonyooka. Baadaye nilielezwa kwamba huko ndiko kuingiza sauti: mdomo wako, koo la mwenzako.

Mama aliniinamia. "Tata," akasema kwa Kigusii, kama mama zetu wanavyowaita wana wao, "zamu yako bado?"

Uso wangu ulikuwa umejaa ukuta mzima.

"Bado," nikamwambia.

Alisubiri mpaka watu wakainuka. Njiani alinifariji, akasema labda wataniweka katika filamu nyingine. Ningemwambiaje kwamba sauti aliyonizaa nayo haikufaa? Tulipofika nyumbani nilifungua mimi mwenyewe, kimya.

Alifariki kabla sijapata sentensi nyingine, na sikuipata kamwe; Mwongozaji alirudia ualimu, na sisi tukatawanyika. Vijana wakiniuliza kazi ile ilikuwaje, huwaeleza habari za majivu na machela, wakacheka, nami nikacheka nao.

Wakishaondoka nabaki peke yangu. Nikitoka shambani jioni, ufunguo ukiwa mfukoni, husimama kwanza nje na kusema, "Mama, fungua mrango. Ni mimi."

Kisha najifungulia.