Siku Tuliyomshusha Mhubiri Hewani

Siku yangu ya kwanza kwenye redio ya injili pale Maisaka nilivaa gauni la kanisani. Mkurugenzi wetu, mwinjilisti mstaafu wa Kilutheri, alinitazama akatabasamu. "Umependeza, mwanangu," alisema, "lakini kazi yako iko huku nyuma." Akanipeleka chumba cha mitambo. Nilikuwa nimesomea umeme chuo cha ufundi, na kabla yangu hapakuwa na fundi mwanamke pale.

Kituo chote kilikuwa vyumba viwili. Kuta za studio tulizibandika trei za mayai ili sauti isirudi. Mimi nilikaa upande huu wa kioo, mbele ya mixa, meza yenye vitufe vya kusukuma tunavyoviita fada. Ukipandisha fada sauti inakua, ukishusha inakufa. Kutoka hapo sauti ilikwenda kwenye transmita, mtambo unaoirusha mnarani, ikawafikia watu wa Nakwa, Nangara, hadi Dareda.

Mkurugenzi hakuwa mtu wa maneno mengi, ila jambo moja alilirudia kila kikao. "Redio hii ni ya Wakristo wote. Mtu anayepalilia maharage hajali kwaya imetoka kanisa gani. Anataka aimbiwe." Kwa hiyo Walutheri, Wakatoliki na Wapentekoste walipishana hewani, naye aliwasindikiza wote mpaka mlangoni kwa heshima ileile.

Shida yetu ilikuwa umeme kukatika. Mhubiri mmoja kutoka mkoa mwingine akatuazima jenereta, nasi tukampa kipindi cha Jumapili mchana, mubashara, yaani anachosema kinasikika papo hapo.

Jumapili moja aliacha somo lake akaanza kuwasema Wakatoliki. Alisema rozari zao ni kazi bure na wazee wao wanakufa wamepotea. Mama yangu alikuwa Mkatoliki, amelala mgonjwa Dareda, na redio iliyokuwa kando ya kitanda chake haikutolewa kwenye kituo chetu. Niliweka kidole juu ya fada. Lakini fundi hamkati msemaji bila amri.

Mkurugenzi akafungua mlango.

"Mshushe."

"Mzee, jenereta ni lake."

"Najua. Mshushe, uweke wimbo."

Nikamshusha. Kwaya ikaingia, na nyuma ya kioo mhubiri akaendelea kunyoosha kidole, hajui kwamba anajihubiria mwenyewe. Alipogundua alitoka amevimba.

"Mmenizima mimi?"

"Tumezima maneno yale," Mkurugenzi alijibu. "Wewe bado ni mgeni wetu. Karibu chai."

Hakunywa. Kesho yake gari lilikuja kuchukua jenereta.

Masika yote tulikuwa tukizimika kila umeme ulipokatika. Baadhi ya wajumbe wa bodi walimlaumu Mkurugenzi waziwazi. Yeye aliingia studio akawaomba wasikilizaji radhi kwa maneno ya yule mhubiri, kisha akaniambia, "Twende Dareda. Kuna mtu mmoja nataka kumwomba radhi uso kwa uso."

Mama alijitahidi kukaa kitandani.

"Ni wewe uliyemnyamazisha yule?"

"Ni binti yako, mama. Mimi nilisema tu."

"Basi na sisi mtuwekee wimbo wa Bikira Maria."

Tuliporudi ulikuwa wimbo wa kwanza kupigwa. Mama hakumaliza mwezi ule. Tangazo la msiba alilisoma Mkurugenzi mwenyewe, polepole, akataja jina lake la ubatizo na la ukoo bila kukosea.

Baadaye parokia na sharika za pale mjini zilishirikiana kutufungia sola. Mkurugenzi alipoondoka nilifanya kazi chini ya wakurugenzi wengine watatu, wote watu wema, waliosoma kuliko yeye. Hakuna niliyejifunza kwake zaidi ya mzee yule.

Sasa nimestaafu, naishi Nakwa, nalima mahindi. Vijana wanarusha vipindi kwa kompyuta ambazo sisi hatukuziota, na kazi yao ni safi kuliko yetu. Jumapili nawasikiliza nikipukuchua mahindi uani. Padri anamaliza kutoa baraka, mchungaji anapokea na maombi, na mtangazaji anawaunganisha kwa sentensi moja nyepesi, kama jambo ambalo limekuwa hivyo tangu dunia iumbwe.