Ningu Waliporudi Mvuha

Masika yanaposhika, Mto Mvuha hugeuka rangi ya chai ya maziwa, nao samaki waitwao ningu huacha mabonde na kupanda juu kwenda kutaga. Huyarukia maporomoko matumbo yamejaa mayai. Hashimu, mume wa Mwanvita, aliwatega kwa migono pembeni tu, katikati akiwaachia njia. "Hawa wakipita, mwakani tutakula," alizoea kusema.

Mwaka mmoja jirani yao Severin alimwaga dawa ya wadudu wa nyanya kwenye kidimbwi wanapopumzika ningu kabla ya kuruka. Samaki wakaelea, akawazoa kwa magunia. Hashimu alikuwa akilima upande wa chini wa mto. Kiu ikambana, akanywa maji ya mto. Alikata roho kabla ya kufikishwa zahanati.

Severin alikana. Aliyemwona ni Mwanvita peke yake, na watu wakasema uchungu wa msiba unamsemesha. Severin alipothubutu kuleta mkeka wa rambirambi, Mwanvita aliuchanachana mbele yake.

Mto ukakaa mtupu miaka kadhaa. Masika ambayo ningu walirudi, Severin ndiye aliyetangulia na wavu, akasimama juu ya jabali katikati ya mto. Mvua ilikuwa imepiga milimani. Maji yakafura ghafla, yakamzingira. Mwanvita alikuwa ukingoni, kamba ndefu ya mbuzi begani.

"Dada Mwanvita! Nirushie kamba!"

Mwanvita akaketi. "Nani alitia sumu mtoni?"

"Nakufa jamani!"

"Na Hashimu je?"

Watu wakaja mbio. Judith, mke wa Severin, akairukia ile kamba. Mwanvita akaining'iniza juu ya maji. "Niguse, naiachia iende."

Maji yakamfika Severin kiunoni.

"Ni mimi!" akalia. "Sumu niliitia mimi! Hashimu nimemuua mimi!"

"Sema tena. Mwenyekiti wa kijiji hajasikia."

Akasema tena. Ndipo Mwanvita akairusha kamba, na watu wakamvuta. Severin akamwangukia miguuni, akishukuru.

"Sijakuokoa," Mwanvita alisema. "Ungekufa ungepumzika. Nataka uishi, na kila mtu akujue."

Polisi wakamchukua. Judith akafunga virago, akarudi kwa wajomba zake.

Jioni Mwanvita alikuwa akiparua ningu, magamba yakimrukia usoni. Mama mkwe wake, Bi Zuhura, akamsogelea.

"Mwanangu, moyo umetua sasa?"

"Bado, mama," alisema, kisu hakikusimama. "Ningengoja aseme mara ya tatu kabla ya kurusha kamba."