Sufra ya Bwana Devan

Mbegu za haradali zikianza kupasuka ndani ya mafuta ya nazi ya moto, mimi huacha ninachokifanya na kusikiliza, hata kama nimo jikoni mwa watu. Sauti ile na harufu yake hunirudisha Riyadh, mtaa wa Murabba, kwenye jengo ambalo hospitali iliwapangishia wafanyakazi wake wa kigeni. Twendeni pamoja, nyinyi mnaonisoma, ila siwaahidi raha.

Tulikaa ghorofa ya tatu. Baba alikuwa fundi wa maabara, Mama alikuwa mama wa nyumbani, na Shangazi Zuhura, mdogo wake Baba, alikuwa muuguzi na alilala chumba kimoja nami. Sote watu wa Unguja. Mlango uliotazamana na wetu alikaa Bwana Devan, mfamasia kutoka kusini ya India, pamoja na mkewe na binti yao Latha. Mimi na Latha tulikuwa hatuachani. Mama akinitaka hakuuliza niko wapi, alifungua mlango tu na kuita.

Sebuleni kwa kina Latha ilitundikwa picha ya mzee mwembamba aliyejitanda shuka jeupe. Nilidhani ni babu yao. Siku moja Bwana Devan alinikuta nimeikodolea macho, akaniketisha kitako akanihadithia. Kwao, alisema, mtu huzaliwa na daraja lake kama anavyozaliwa na pua yake. Watu wa ukoo wake walikuwa wa chini. Palikuwa na njia wasizoruhusiwa kupita na visima wasivyoruhusiwa kuchota, na mkubwa akiguswa na kivuli chao alikwenda kuoga. Ndipo akatokea yule mzee, ambaye wao humwita Mwalimu tu, akafundisha kwamba hayo yote watu wameyatunga, Mungu hana habari nayo. Hakuishia kusema. Aliwakalisha watu wa kila daraja katika mstari mmoja wakala pamoja. Bibi yake Bwana Devan alikuwa mmojawapo, msichana mdogo. Wali ulimmwagikia mapajani, kwa maana hakuwa amewahi kula mbele ya watu wa aina ile.

Mwalimu alikufa zamani, wala Bwana Devan mwenyewe hakuwahi kumwona. Lakini kila mwaka, ilipofika siku yake, nyumba ile ilipika. Fanicha zilitolewa nje ukumbini, sufra ya plastiki ikatandazwa kutoka dirishani hadi mlangoni, na watu wakaketi pande mbili: mafamasia, wapishi wa hospitali, Mbengali aliyefagia ngazi zetu, sisi. Majani ya migomba Bwana Devan aliyanunua soko la Batha na kila mtu aliwekewa lake. Aliyekuwa akisitasita mlangoni, Bwana Devan alimvuta mkono na kumwambia kwa kile Kiarabu chetu cha kazini, "Taal, taal. Mafi farak." Njoo, hakuna tofauti. Mmoja tu hakuja kamwe, daktari wa ghorofa ya kwanza, mtu wa nchi yao, wa daraja la juu. Yeye alimtuma dereva wake alete boksi la halua.

Baba alimcheka sana daktari yule. Alikuwa akiketi katikati ya sufra, kanzu yake imepigwa pasi, akala kwa mkono na kutokwa jasho kwa pilipili, na tukirudi nyumbani alikuwa na hotuba. "Mnaona ujinga ule? Amesoma mpaka Ulaya, na bado anaogopa sahani ya mwenzake. Muungwana ni kitendo. Basi." Nilimpenda Baba siku zile kupita kiasi. Niliona yeye na yule mzee wa pichani ni watu wa namna moja.

Mwaka niliotimiza tisa, Shangazi Zuhura alichumbiwa. Mchumba aliitwa Idrisa, fundi umeme anayefanya kazi Jeddah, kijana wa mtaa wetu wa Unguja hasa, mpole, aliyekuwa akiniletea kashata za ufuta kila alipokuja Riyadh kwa kazi. Shangazi alibadilika. Alianza kuimba akipiga nguo pasi. Babu alikuwa amekwishafariki, kwa hiyo posa ilipelekwa kwa kaka yao mkubwa, Ami Seif, aliyekaa Jeddah, mtaa wa Safa, kwenye nyumba yenye zulia jeupe ambalo watoto hatukuruhusiwa kulikanyaga hata kwa soksi. Tuliingia garini sote tukaenda.

Mimi ndiye niliyepitisha kahawa, ndiyo maana nilisikia. Shangazi alikaa karibu na mlango, mtandio umemfunika mpaka kwenye nyusi.

Ami Seif alisema hana ugomvi na kijana. Anaswali, anajua kazi yake, ikama yake ya ukaazi ni safi. "Lakini bibi mzaa babu yake alikuwa mjakazi wa shambani kwetu, Bumbwini. Hilo kila mtu analijua. Huyu si kufu yetu."

"Mimi ndiye nitakayeishi naye, kaka," Shangazi alisema.

"Na sisi ndio tutakaoishi na jina. Lakini sitaki kuambiwa nimeamua peke yangu. Kila mmoja aseme lake." Akamgeukia Baba. "Wewe unasemaje?"

Nilifurahi, jamani. Nilisimama na sinia langu nikijua kinachokuja, maana nilikuwa nimekisikia kila mwaka. Shangazi naye aliinua uso. Baba alikizungusha kikombe chake, akakitazama ndani.

"Mkubwa ni wewe, kaka," alisema.

Yakaisha. Nilimuuliza pale pale, mbele ya watu, kama Bwana Devan angesemaje. Mama alinichukua sinia na kunitoa nje kwa bega.

Safari ya kurudi ilikuwa ndefu, jangwa mbele na jangwa nyuma. Baba aliweka kaseti ya mawaidha, kisha akaizima mwenyewe. Shangazi hakulia. Alishika mkono wangu akawa anauminya kila gari lilipoyumba, na wiki ile ile alihamia hosteli ya wauguzi.

Siku ya Mwalimu ilipofika tena, nilidhani Baba hatakwenda. Alikwenda. Kanzu yake ilikuwa imepigwa pasi vilevile. Shangazi alikuwa amefika mapema kumsaidia mama Latha, na ndiye aliyepita na sufuria ya wali, akipakua jani moja baada ya jingine. Alipomfikia kaka yake aliinama na kumpakulia kama alivyowapakulia wengine, tena kwa wingi. Kisha akamwambia kwa Kiswahili, kwa sauti ya kawaida, kwa kuwa ila sisi wa nyumbani hapakuwa na mwingine wa kuelewa:

"Kula, kaka. Hawa wamekaa hapa kwa sababu wamekubali kuwa hakuna tofauti. Wewe umefuata wali."

Baba alikula mpaka akamaliza. Mwaka uliofuata alisema Wahindi wale wanazidisha pilipili, na tumbo lake haliwezi tena.

Idrisa aliondoka Jeddah, akaoa Tanga. Shangazi aliletewa na Ami Seif wachumba walio kufu. Mmoja alikuwa na wake wawili na kisukari, na alilala usingizi kwenye kiti siku ya posa. Aliwakataa wote. Sasa anaishi peke yake Unguja, na kila mwaka, siku ile ile ya Mwalimu, hutandika jamvi uani na kulisha kila apitaye njia. Majirani wanadhani ni nadhiri.

Utotoni niliamini kwamba daraja za watu ni ugonjwa wa nchi fulani, kama ilivyo malaria, na kwamba Baba alinyamaza kwa sababu hakuona kuwa ni jambo lile lile. Nimezeeka kidogo, nimelitazama upya. Aliliona. Ndiyo maana alikitazama kikombe badala ya kututazama sisi. Aliyaamini mafundisho ya yule mzee kwa moyo wake wote, mradi gharama yake ilipwe na nyumba nyingine. Na yule daktari wa ghorofa ya kwanza, Mungu anisamehe, angalau hakuja kula.

Baba alifariki Unguja mwaka jana baada ya kuugua muda mrefu. Shangazi alimuuguza, akamwogesha, akamlisha uji. Nilisubiri amwambie neno la kumwomba radhi. Aliomba maji, aliomba asomewe Yasini, aliomba mto ubadilishwe. Neno lile hakulisema.

Siku ya maziko sisi wanawake tulisimama dirishani jeneza likitolewa. Wanaume walikuwa wakipokezana kama ada, mmoja akitoka mwingine akiingia. Nilimwona mzee mmoja mwenye mvi akijipenyeza, akatia bega lake mbele, upande wa kulia, nyuma kidogo ya Ami Seif. Shangazi aliyekuwa kando yangu akashika nondo za dirisha. Alikuwa Idrisa. Ametoka Tanga kwa boti ya usiku. Alimbeba Baba mpaka kona ya msikiti, na katika wanaume wote wale hakuna aliyemuuliza yeye ni mjukuu wa nani.